Louis Mahoney na Uzito wa Nafasi Ndogo

Tarehe 24 Oktoba 1975, BBC ilirusha sehemu ya sita ya kichekesho cha Fawlty Towers, ile inayoitwa The Germans. Basil Fawlty, mwenye hoteli wa maneno mengi na subira kidogo aliyeigizwa na John Cleese, yuko hospitalini ambako mkewe amelazwa. Anageuka, anajikuta uso kwa uso na daktari, na mwili mzima unamruka: daktari ni mtu mweusi. Daktari anajitambulisha kuwa ni Dokta Finn. Basil anababaika, anatabasamu kupita kiasi, anatafuta la kusema asilipate. Dokta Finn hajali. Anaeleza hali ya mgonjwa wake kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuieleza kwa wengi, kisha anaendelea na kazi.

Kipande hicho kimechekwa kwa nusu karne. Aliyeigiza daktari, Louis Mahoney, mzaliwa wa Gambia, wengi wa waliocheka hawamjui kwa jina. Alionekana kwenye runinga ya Uingereza tangu miaka ya 1960 hadi uzeeni, katika tamthilia za polisi, za hospitali, za kijasusi na za safari za angani, na karibu mara zote alikuwa mtu wa dakika chache. Kazi ya mwigizaji kama huyu ipimwe kwa kipimo gani? Tukimpima kwa ukubwa wa nafasi alizopewa, atatoka mwepesi. Lakini kipimo hicho kinampima aliyeandika na aliyegawa nafasi kuliko kinavyompima aliyeigiza. Nafasi ndogo ndizo zinazotuonyesha jamii inamhesabu nani kuwa daktari, mtangazaji, jirani au mzee wa kuheshimiwa bila kuhitaji maelezo. Kwa mizani hiyo, Mahoney ana uzito ambao nyota wengi hawana, hasa tukiongeza kazi aliyoifanya nje ya kamera.

Kutoka Bathurst hadi London

Alizaliwa mwaka 1938 mjini Bathurst, mji ambao leo unaitwa Banjul, wakati Gambia ikiwa bado koloni la Uingereza. Alifika Uingereza mwaka 1957 kusomea udaktari, njia iliyopendwa na familia nyingi za Afrika Magharibi zilizoweza kumpeleka mtoto ng'ambo. Akauacha udaktari, akaingia Central School of Speech and Drama, chuo cha uigizaji cha London. Mwishoni mwa miaka ya 1960 alikuwa miongoni mwa waigizaji weusi wa mwanzo kuchukuliwa na Royal Shakespeare Company. Kwa hiyo aliingia kwenye runinga akiwa na mafunzo kamili ya jukwaa, sawa na wenzake weupe waliokuwa wakipewa nafasi za kwanza.

Runinga aliyoikuta ilikuwa ya namna gani? Tangu 1958 BBC ilikuwa ikionyesha The Black and White Minstrel Show, kipindi cha nyimbo ambamo wanaume weupe walijipaka rangi nyeusi usoni. Mwaka 1967 Kampeni ya Kupinga Ubaguzi wa Rangi iliwasilisha BBC waraka wa saini kutaka kipindi hicho kiondolewe. Hakikuondolewa. Kiliendelea hadi 1978. Mwaka 1968 Barbara Blake, mzaliwa wa Jamaika, aliajiriwa na kituo cha Thames kuripoti habari mbele ya kamera, wa kwanza mweusi kufanya hivyo katika runinga ya Uingereza. Barua za matusi za watazamaji zikafuata, na mkataba wake haukuendelezwa. Katika hali hiyo, mtu mweusi aliyesimama mbele ya kamera akiwa na koti la daktari au karatasi za habari mkononi alikuwa anaingia mahali ambapo watazamaji wengine walikuwa tayari kumfukuza kwa kalamu.

Kazi ya mwigizaji wa pembeni

Uingereza wakati huo ilikuwa na chaneli tatu tu, BBC1, BBC2 na ITV, hadi Channel 4 ilipoongezeka mwaka 1982. Tamthilia nyingi zilirekodiwa studio, kila wiki hadithi mpya na wageni wapya. Dixon of Dock Green, Z-Cars, Special Branch, The Troubleshooters, na baadaye The Bill, Casualty na Holby City zilikula waigizaji kama tanuri linavyokula kuni. Kila wiki zilihitaji shahidi, mgonjwa, balozi, mwizi, mchungaji, mama mwenye nyumba. Mahoney alipita katika tamthilia zote hizi, pamoja na Danger Man, Bergerac na Yes, Prime Minister.

Kazi hii ina ugumu wake ambao mwigizaji mkuu haujui. Mhusika mkuu ana wiki na miezi ya kumjenga mtu wake. Mgeni anakuja siku chache za mazoezi, anakuta wenzake wamezoeana, na kwa mistari michache lazima mtazamaji aamini kwamba mtu huyu aliamka asubuhi nyumbani kwake na atarudi huko jioni. Akizidisha, anaiba tukio na kuiharibu hadithi. Akipunguza, hakuna atakayekumbuka kilichotokea.

Turudi kwa Dokta Finn tukiwa na hilo akilini. Kichekesho kile kinasimama juu ya mguu mmoja: utulivu wa daktari. Kama Mahoney angekodoa macho, angenuna au angejibu kwa mkogo, kicheko kingegawanyika na sehemu yake ingemwangukia yeye. Kwa sababu hafanyi lolote isipokuwa kazi yake, kicheko chote kinamshukia Basil na mshangao wake wa kipuuzi. Hospitali za umma za Uingereza za mwaka 1975 zilijaa madaktari na wauguzi kutoka Asia, Afrika na Karibi, kwa hiyo daktari mweusi hakuwa kioja. Aliyekuwa nje ya wakati ni Basil, na Mahoney anatuonyesha hivyo kwa kusimama tu kama daktari anavyosimama.

Sehemu hiyohiyo ina mhusika mwingine, Meja mstaafu, anayetamka matusi ya rangi. BBC iliyakata maneno yake ilipoirudia mwaka 2013. Mwezi Juni 2020 huduma ya UKTV iliiondoa sehemu nzima kwa muda, kisha ikairudisha ikiwa na onyo, baada ya Cleese na wengine kulalamika. Mahoney alifariki mwezi huohuo, tarehe 28 Juni 2020. Katika mjadala ule magazeti yalibishana juu ya Cleese na Meja. Daktari, ambaye ndiye anayeupa mchezo ule mizani yake, hakutajwa sana.

Mtumishi, mtawa, mtangazaji

Nafasi zake nyingine zinaonyesha mipaka aliyowekewa na mahali ilipolegea. Mwaka 1966, katika filamu ya kutisha The Plague of the Zombies ya kampuni ya Hammer, alikuwa mtumishi mweusi asiye na jina, aliyeandikwa kwa rangi yake tu. Miaka kumi na mitano baadaye, katika Omen III: The Final Conflict ya 1981, alikuwa Bruda Paulo, mmoja wa watawa waliotumwa kumwangamiza mpinga Kristo. Huyu ana jina, ana imani, ana kazi ndani ya hadithi. Umbali kati ya mtumishi na mtawa ndio umbali ambao kizazi chake kilitembea, na kilitembea kwa miguu.

Kati ya nafasi hizo kuna moja ndogo ambayo naiona muhimu kuliko inavyosemwa. Mwaka 1973 Doctor Who, tamthilia ya BBC ya safari za angani, ilirusha Frontier in Space, hadithi ya karne ya 26 ambamo Rais wa Dunia ni mwanamke. Mahoney ni mmoja wa watangazaji wa habari. Anaonekana kwenye skrini, anasoma habari za dunia inayonusa vita, basi. Lakini mwaka ule, mtu mweusi kusoma habari katika runinga ya Uingereza lilikuwa jambo la kutafuta kwa tochi. Trevor McDonald, mweusi, ndiyo kwanza alikuwa anaajiriwa na shirika la habari la ITN kama mwandishi wa habari, na Moira Stuart, naye mweusi, hakuanza kusoma habari kwenye runinga ya BBC hadi 1981. Watunzi waliweza kumwazia mtu mweusi kwenye kiti kile kwa kumpeleka mbele karne sita. Vituo vyenyewe vilihitaji miaka michache tu, pamoja na shinikizo la watu waliochoka kusubiri.

Mwaka 1975 Mahoney alirudi Doctor Who katika Planet of Evil kama Ponti, mmoja wa wanajeshi wa chombo cha angani. Hadithi hiyo ilimalizika tarehe 18 Oktoba, na siku sita baadaye akaonekana kama Dokta Finn. Wiki moja mwanajeshi wa anga, wiki inayofuata daktari. Mchagua jembe si mkulima, na mwigizaji wa pembeni hula kwa kupokea jembe lolote na kulilima vizuri.

Je, tatizo lilikuwa kukosa kuwa stelingi?

Mtu anaweza kuhoji: kama alikuwa hodari hivyo, mbona hakuwahi kuwa stelingi? Swali hili linadhani kwamba nafasi kubwa zilikuwepo, zikigombewa kwa haki. Tuangalie zilizokuwepo kweli.

Rudolph Walker, mzaliwa wa Trinidad, alipata mojawapo ya nafasi kubwa za mwanzo kwa mwigizaji mweusi katika vichekesho vya runinga: Bill Reynolds katika Love Thy Neighbour ya Thames, kuanzia 1972 hadi 1976. Alikuwa na jina miongoni mwa ya mwanzo kwenye orodha, mshahara wa kila msimu na umaarufu wa nchi nzima. Lakini kila wiki nafasi hiyo ilimtaka asimame mbele ya jirani mweupe na kutukanwa kwa rangi yake, akijibu kwa utani ili watazamaji wacheke. Walker alimpa Bill heshima na akili kuliko zilizokuwa kwenye karatasi, na baadaye akapendwa na kizazi kingine kama Patrick Trueman wa tamthilia ya EastEnders. Hata hivyo ukiweka kando ukubwa wa nafasi na kuuliza ni nani aliyeonyeshwa kama mtu kamili mwaka ule wa 1975, Dokta Finn na dakika zake chache anasimama vizuri mbele ya Bill na misimu yake yote.

Kwa upande wa nafasi kubwa za tamthilia nzito, mfano ulio wazi ni Othello. BBC ilipokuwa ikirekodi tamthilia zote za Shakespeare, mtayarishaji alitaka James Earl Jones wa Marekani aigize Othello. Chama cha waigizaji, Equity, kilikataa nyota wa nje kuchukua nafasi hiyo. Kazi ilipofanyika, ikaonyeshwa mwaka 1981 ikiwa na Anthony Hopkins, mzungu wa Wales. Waigizaji weusi waliofundishwa Shakespeare walikuwepo ndani ya Uingereza, wakilipa ada za chama hichohicho. Sheria iliyowekwa kulinda ajira za wanachama haikuwafikia. Katika mazingira hayo, kusema kwamba mtu hakuwa nyota kwa kukosa kipaji ni kumhukumu mkimbiaji kwa mbio ambazo hakuruhusiwa kuingia.

Ndani ya Equity

Hapa ndipo sehemu ya pili ya kazi ya Mahoney inapoanza, na bila sehemu hii hatuwezi kuielewa ile ya kwanza. Wengi walioona mlango umefungwa walirudi makwao au wakabadilisha kazi. Mahoney aliingia kwenye vikao. Alikuwa mwanachama wa muda mrefu wa kamati ya Equity ya waigizaji wenye asili ya Afrika na Asia, akachaguliwa katika baraza la chama, na kati ya 1994 na 1996 akawa mmoja wa makamu wa rais wake. Mwaka 1976, pamoja na mwandishi Mike Phillips na mwigizaji Taiwo Ajai wa Nigeria, alianzisha Black Theatre Workshop mjini London, ili waigizaji weusi wapate kazi ambazo wao wenyewe ndio waliozitunga.

Vita yake kubwa chamani ilihusu Afrika Kusini. Runinga ya nchi hiyo ilianza rasmi Januari 1976, na ilihitaji vipindi vya Kiingereza kwa wingi. Equity iliamua kwamba vipindi walivyoigiza wanachama wake visiuzwe huko maadamu ubaguzi wa rangi unaendelea. Uamuzi huo uligusa mifuko. Mwigizaji hulipwa tena kipindi chake kinapouzwa nje, na kwa mwigizaji wa nafasi ndogo malipo hayo ndiyo yanayoziba pengo kati ya kazi moja na nyingine. Nyota angeweza kuyasamehe bila kuyasikia. Mtu wa dakika tatu aliyepiga kura ya kuunga mkono ususiaji huo alikuwa anatoa sadaka ya kodi ya nyumba.

Upinzani haukukosekana. Marius Goring, mwigizaji mkongwe na mmoja wa waasisi wa Equity, aliupeleka msimamo wa chama mahakamani, akidai kwamba chama cha waigizaji hakina haki ya kujiingiza katika siasa za nchi nyingine. Goring hakuwa mpuuzi, na hoja yake ina mashiko kwa wanaoamini kwamba sanaa ifike kila mahali hata penye dhuluma. Lakini runinga ya Afrika Kusini ilikuwa chombo cha dola, na kipindi kilichouzwa kwake kiliisaidia dola hiyo ionekane ya kawaida. Mahoney aliasisi Performers Against Racism kwa lengo la kuutetea msimamo wa chama. Na mwaka 1987 alipoonekana katika Cry Freedom, filamu ya Richard Attenborough inayosimulia maisha ya Steve Biko, mpinzani wa ubaguzi wa rangi wa Afrika Kusini, akiwa ofisa wa serikali ya Lesotho, nafasi ile ndogo ilikutana na kazi ya miaka mingi ya vikaoni.

Afrika Mashariki ndani ya studio

Msomaji wa Nairobi, Kigali au Dar es Salaam ana sababu yake ya kuitazama kazi hii. Kwa miongo mingi Uingereza imeisimulia Afrika Mashariki kwa kutumia waigizaji weusi waliokuwa wakiishi London. Katika Simba ya 1955, filamu ya wakati wa Mau Mau, daktari Mkikuyu Peter Karanja aliigizwa na Earl Cameron, mzaliwa wa Bermuda. Cameron huyohuyo alikuwa kapteni katika Guns at Batasi ya 1964, hadithi ya uasi wa jeshi katika nchi ya kubuni ya Kiafrika iliyopata uhuru, iliyorekodiwa katika studio za Pinewood nje ya London.

Mahoney alifuata njia hiyo. Katika White Mischief ya 1987, kuhusu mauaji ya Lord Erroll nchini Kenya mwaka 1941, aliigiza mtu aitwaye Abdullah katikati ya walowezi wenye ulevi na fitina. Mwaka 2005 alikuwa Sibomana katika Shooting Dogs, filamu ya Michael Caton-Jones iliyorekodiwa Kigali, katika shule ya École Technique Officielle ambako maelfu ya watu waliachwa na askari wa Umoja wa Mataifa mwezi Aprili 1994, wakauawa. Mwaka 2013 akaonekana miongoni mwa mabaharia wa Maersk Alabama katika Captain Phillips, kisa cha meli iliyotekwa na maharamia wa Kisomali mwaka 2009 ikiwa njiani kuelekea Mombasa.

Kuna tatizo hapa, tena la kweli. Kwa watayarishaji, Mgambia alitosha kuwa Mkenya, Mnyarwanda au Msotho, kana kwamba bara zima lina uso mmoja na lafudhi moja. Hata Matthew, mwanafunzi Mgambia asiyemaliza masomo katika kichekesho cha Desmond's cha Channel 4, aliigizwa na Gyearbuor Asante, Mghana. Lawama hiyo iende kwa waliowachagua waigizaji. Upande wa Mahoney kuna jambo moja la kumtambua: kati ya mtumishi wa 1966 na Sibomana wa 2005, Waafrika aliowaigiza walianza kuwa na majina, dhamiri na makosa yao wenyewe. Na filamu ya Kigali, iliyowashirikisha Wanyarwanda walionusurika mbele na nyuma ya kamera, ilionyesha kwamba kusimulia kisa mahali kilipotokea, pamoja na watu wake, kunawezekana.

Miaka 38 kwa dakika chache

Kazi yake inayopendwa zaidi ilikuja alipokuwa karibu na miaka 70. Tarehe 9 Juni 2007 Doctor Who ilirusha Blink, hadithi ya Steven Moffat iliyoshinda tuzo ya Hugo mwaka uliofuata. Askari kijana, Billy Shipton, aliyeigizwa na Michael Obiora, anamtania na kumtongoza Sally Sparrow, aliyeigizwa na Carey Mulligan. Dakika chache baadaye sanamu za malaika zinamtupa hadi mwaka 1969. Simu ya Sally inalia. Anayepiga ni Billy, sasa mzee kitandani hospitalini, aliyeishi miaka yote 38 ili amfikishie ujumbe mmoja. Nje mvua inanyesha, ileile iliyokuwa ikinyesha walipokutana, na Billy anajua kwamba itakapokatika naye atakuwa amekwenda.

Mahoney ana tukio hilo moja tu, na lazima afanye mambo mawili kwa pamoja. Mtazamaji aamini kwamba mzee huyu ni yule kijana mtundu, na aamini pia kwamba miaka yote ile imepita kweli. Analifanya la kwanza kwa macho: utundu wa Obiora umo humo, umetulia. La pili hakuhitaji kuliigiza sana. London ya 1969 ambayo Billy alitupwa ndani yake, Mahoney aliiishi akiwa mwigizaji kijana mweusi anayetafuta kazi. Miaka iliyomzeesha Billy ndiyo iliyomzeesha yeye, katika studio zilezile na vikao vilevile. Moffat aliandika mistari michache, naye akaleta maisha yaliyoijaza. Miaka mitano baadaye, katika Being Human, aliigiza Leo, kinyozi mzee aliyemficha mbwa-mwitu ndani yake, na mwaka 2018, akiwa na miaka 79, alikuwa jukwaani Bridge Theatre katika Allelujah! ya Alan Bennett, igizo la wazee walio wodini.

Mizani ya haki

Kwa hiyo tumpime vipi? Napendekeza maswali matatu kwa mwigizaji yeyote wa pembeni. Je, mtu aliyemwigiza aliaminika ndani ya muda aliopewa? Je, alikiacha kiti kikiwa kipana kidogo kwa atakayekalia baada yake? Na je, alilipa gharama yoyote kwa ajili ya wenzake? Nyota wengi hujibu la kwanza vizuri na kusita kwenye la tatu. Mahoney anayajibu yote: la kwanza kwa Dokta Finn na Billy Shipton, la pili kwa mtangazaji wa 1973 na watawa, maofisa na wazee waliokuja baada ya mtumishi asiye na jina, la tatu kwa miaka ya vikao vya Equity iliyomgharimu muda na fedha.

Wahakiki wetu, wanaoandika juu ya filamu na tamthilia za Kiswahili, wana mazoea ya kumaliza uchambuzi kwa mhusika mkuu na mwongozaji. Tuwasome pia wale wa mistari mitatu: nesi, konda, mjumbe wa nyumba kumi, mzee wa baraza. Tuwataje kwa majina, tuulize wanalipwa nini kipindi kikirudiwa au kikiuzwa nje, na tuulize ni nani katika nchi zetu hajawahi kuandikiwa nafasi ya daktari. Hapo ndipo picha ya kweli ya jamii kwenye skrini inapoanza kuonekana, na hapo ndipo uhakiki unapoanza kumtendea haki mtu aliyeifanya kazi yake barabara kwa zaidi ya nusu karne.